Taswira Iliyopachikwa Mara Mbili

1

Saa tatu na robo asubuhi, Subilaga Mwaisaka aliipachika taswira ya marehemu Asukile Mwandemele, na kompyuta ikaamini. Ilitoa mlio mfupi, ule ule inaotoa mtu anapochomeka diski ya kweli, kisha kwenye kioo ikajitokeza diski mpya yenye herufi K. Diski yenyewe haikuwapo. Ilikuwa imezikwa Rungwe wiki tatu zilizopita, chini ya mfupa wa mtulinga wa mwenyewe, kama sheria inavyotaka.

Hiyo ndiyo kazi aliyokuwa akiifanya kwa miaka tisa katika Hifadhi ya Mashahidi, Mbeya. Kila aliyeajiriwa kwenye kazi ya hatari alipandikizwa kisahani chini ya mtulinga, nacho kikatunza alichokiona na alichokisikia akiwa zamu. Akifa kazini, yote yaliyomo yalinakiliwa chembe kwa chembe kwenye faili moja, ambayo ndiyo taswira, na kisahani, kisichosomeka tena baada ya kunakiliwa, kikarudi mwilini kwenda kuzikwa. Baada ya hapo taswira ilitiwa muhuri, yaani nambari ndefu inayobadilika yote hata ikiguswa chembe moja tu. Na kila ilipohitajika ilipachikwa kwa namna ya kusoma tu, ikafunguka kama vile marehemu mwenyewe amekuja kuchomekwa kwenye mashine.

Asukile alikuwa mwendeshaji wa kisima namba mbili katika mitambo ya Iwelo inayovuna mvuke wa ardhini. Bomba lilipasuka, likamuua yeye na mafundi wawili. Tume ya uchunguzi ilikuwa iketi Alhamisi, na siku hiyo ilikuwa Jumanne. Subilaga alikuwa anafanya jaribio la mwisho ili mbele ya watu asije akaumbuka.

Jambo lenyewe lilikuwa limeshazungumzwa mji mzima. Kabla ya bomba kupasuka palikuwa na pengo la dakika kumi na moja ambamo taswira haikuwa na kitu. Kisahani huacha kutunza macho yakifumba. Kampuni ikasema, basi, mtu wenu alilala, na ndugu wa wale mafundi wawili wakaacha kuisalimia familia ya Mwandemele.

Subilaga alilitazama lile pengo kwa mara ya kwanza kwa utulivu, na kitu kikamkaa vibaya. Alikuwa ameona wasinziaji wengi. Mtu anaposinzia, kope hupambana: hufumba, hufumbua, hufumba tena, na picha hubaki vipande vidogo vidogo kama makombo ya mkate. Pengo la Asukile halikuwa na makombo. Lilianza kwenye sekunde kamili na kuishia kwenye sekunde kamili.

Akafungua ukurasa wa taarifa za diski, ambao hakuwa na mazoea ya kuufungua. Kulikuwa na mstari mmoja: imepachikwa kwa kuandikwa, mara 2.

Akausoma tena. Mara ya kwanza ilieleweka, ni siku marehemu alipopandikizwa. Kuipachika kwa kusoma tu hakuongezi hesabu. Kwa hiyo kuna mtu aliyeifungua taswira hii akiwa na ruhusa ya kubadili yaliyomo. Pembeni palikuwa na saa: Jumatatu ya wiki tatu nyuma, saa kumi na dakika ishirini jioni. Yeye alikuwa ameitia muhuri Jumanne asubuhi, siku iliyofuata. Muhuri ulilingana kwa sababu uligongwa juu ya kitu ambacho tayari kilikuwa kimeshaguswa.

Na jina lililokuwa chini ya muhuri lilikuwa lake.

2

Simu yake iliita hata kabla hajaichomoa taswira.

"Dada Subilaga, habari za asubuhi. Fulgence Kihwele hapa, wakili wa Iwelo. Nimeona ujumbe kwamba taswira imepachikwa. Kuna tatizo?"

Ujumbe huo ulikwenda wenyewe kwa kampuni, kwa familia na kwa tume, kila taswira iliyokwisha kutiwa muhuri ilipofunguliwa. Subilaga alilijua hilo. Hata hivyo alijikuta akiitazama kamera ya dari.

"Ni jaribio la kawaida, wakili."

"Nilidhani majaribio hufanywa asubuhi ya kikao."

"Yanafanywa ninapopata nafasi."

"Sawa sawa. Nauliza tu. Unajua mitambo inafunguliwa Jumatatu, na bodi haitaki mambo ya kurudi nyuma. Taswira iko salama lakini?"

"Muhuri unalingana," alisema Subilaga, na hilo halikuwa uongo.

Alipokata simu alikwenda mapokezi kuomba daftari la wageni. Jumatatu ile, Fulgence Kihwele alikuwa ameingia saa tisa na dakika hamsini. Kwenye safu ya kutoka hakukuwa na kitu, kana kwamba hakuwahi kuondoka. Juu ya jina lake palikuwa na jina jingine, saa tisa na nusu: Tusekile Mwandemele, mjane, mtazamo wa kwanza. Sheria iliipa familia nafasi ya kuangalia kabla ya mtu mwingine yeyote.

Watu wawili, basi. Lakini hakuna mgeni aliyeweza kupachika kwa kuandika bila ufunguo wa Hifadhi, na funguo zilikuwa mbili. Mmoja ulikuwa shingoni mwake. Wa pili ulikuwa wa Ambakisye Kasyupa.

Alimkuta jikoni, anamimina chai. Ambakisye alikuwa na miaka hamsini na tisa, na mikono yake ndiyo iliyomfundisha Subilaga kila alichokijua.

"Shikamoo, mwalimu."

"Marahaba, mwanangu. Mbona uso hivyo?"

"Sikulala vizuri. Mwalimu, Jumatatu ile ya Mwandemele, wakili wa kampuni alifuata nini huku?"

"Wakili?" Ambakisye aliweka chupa ya chai chini. "Alileta barua ya kuomba orodha ya yaliyomo. Nikampokea mlangoni, akaondoka."

"Hakuingia chumba cha mashine?"

"Hakuingia."

"Una hakika?"

"Subilaga," alisema mzee, bila ukali, "unaniuliza kama mwalimu wako au unaniuliza kama mtu mwingine?"

Aliona kwamba kikombe cha mwalimu kilikuwa kimejaa hadi ukingoni na chai imemwagikia kisosi, na mwalimu mwenyewe bado hajaona.

3

Alifunga mlango wa chumba cha mashine na kuipachika tena, kwa kusoma tu. Najua na wewe umepata ujumbe, wakili, alisema moyoni. Endelea kujiuliza.

Kuna jambo ambalo wasiofanya kazi hii hawalijui. Ukifuta kitu kwenye diski, hakiondoki. Kinachoondoka ni jina lake kwenye orodha ya yaliyomo, basi, na pale kilipokuwa panahesabiwa kuwa wazi. Mpaka mtu aandike juu yake, kitu chenyewe bado kimelala pale pale. Na kwa kuwa taswira ni nakala ya diski nzima, hata sehemu zisizo na majina zimo.

Fundi mwerevu angezijaza sifuri. Subilaga alitarajia sifuri. Badala yake, baada ya saa moja na nusu ya kupekua, alipata dakika kumi na moja, nzima, bila hata mkwaruzo.

Akavaa visikizio.

Alikuwa amekaa ndani ya macho ya Asukile. Mbele yake palikuwa na meza, kikombe cha plastiki chenye chai, na ukutani kipimo cha mvuke kikubwa kama sinia. Mshale ulikuwa kwenye sita. Simu ilikuwa mezani, imewekwa sauti ya nje.

"Siku Lugano alipolazwa ulikuwa wapi?" Sauti ya mwanamke ilikuwa imechoka. "Nijibu hilo tu."

"Zamu, mama Lugano. Nilikuwa zamu."

"Kila siku zamu. Mtoto analia jina lako, daktari ananiuliza baba yuko wapi, mimi nasema zamu."

Asukile alikuwa akisikiliza, lakini hakuacha kazi. Subilaga alihesabu. Mara nane katika dakika zile macho yalinyanyuka kwenda kwenye kipimo, na mara nane mshale ulikuwa kwenye sita. Kwenye ukingo wa kile kipimo palikuwa na kibandiko cha ukaguzi, na Subilaga alisimamisha picha akakikuza. Tarehe ilikuwa ya miaka sita nyuma. Kampuni ilikuwa imeiandikia tume kwamba vipimo vyote vilibadilishwa mwaka jana.

Akairuhusu iendelee. Chai ndani ya kikombe ilikuwa imeanza kutetemeka. Mshale, sita.

"Basi usirudi," ilisema ile sauti. "Asukile, unanisikia? Usirudi nyumba hii."

"Subiri kidogo, mama Lugano. Kuna mlio."

Mkono wake ukanyooka, kucha ikagonga kioo cha kipimo mara mbili. Mshale uliokuwa umekwama ukaruka kutoka sita hadi kumi na nne. Kiti kikaanguka, na Asukile alikuwa anakimbilia vali ya kufungia mvuke huku akiwaita wenzake kwa majina watoke.

Kuanzia hapo ndipo taswira rasmi iliendelea.

Subilaga alivua visikizio akavishika mapajani. Mtu huyo hakuwa amelala hata sekunde moja. Na kule Iwelo palikuwa na visima vingine vitatu vyenye vipimo vya aina ile ile, na waendeshaji kumi na sita waliotakiwa kurudi kazini Jumatatu.

4

Ambakisye aliingia bila kubisha. Aliangalia kioo, akaziona zile dakika zilizofutwa, akavuta kiti.

"Alipiga magoti," alisema. "Pale unapoweka miguu. Mimi nimekaa hapa, yeye sakafuni, ananishika suruali. Anasema neno la mwisho nililomwambia mume wangu ni usirudi, na watoto wangu watalisikia mbele ya tume, na litatangazwa. Ungefanyaje wewe?"

"Si wewe uliyenifundisha kutogusa?"

"Ni mimi."

"Hukuona kipimo?"

"Nilikuwa namwangalia mama wa watu, Subilaga. Sikuangalia kipimo." Akajifuta uso kwa kiganja. "Na lile pengo nilidhani watasema kisahani kilikuwa kibovu. Sikudhani watasema alilala. Waliposema alilala, nilikuwa nimeshachelewa."

"Ungeweza kuzijaza sifuri."

"Ningeweza. Mkono ulikataa."

Kisha mzee akasogeza kiti karibu, na sauti yake ikawa ya darasani, ile aliyokuwa akiitumia zamani.

"Nambari ya muhuri bado haijaenda kwenye tume. Inakwenda Alhamisi asubuhi. Pachika kwa kuandika, rudisha dakika zake mahali pake, weka hesabu iwe moja, tia muhuri mpya kwa tarehe ya zamani. Dakika kumi. Ukweli utakuwa mzima, waendeshaji watapona, na hakuna atakayejua kwamba kuna mkono uliopita."

"Na wakili? Ana orodha yenye pengo."

"Utasema orodha ilikosewa. Nani atabishana na muhuri?"

Subilaga aliijua sheria kama alivyolijua jina lake. Fundi akigundulika ametia muhuri taswira iliyoguswa, mihuri yake yote inafunguliwa upya. Yake ilikuwa mia nne na kumi na mbili. Kuna watu walikuwa gerezani kwa taswira hizo, na kuna waliotoka.

Akafungua dirisha la kupachika. Palikuwa na visanduku viwili, kusoma tu na kuandika. Kidole chake kilikaa juu ya cha pili kwa muda mrefu. Kilichorudishwa kingekuwa kweli, kila chembe yake. Lakini tangu siku hiyo angejua, kila mara aonapo muhuri wa mtu, kwamba hata kweli inaweza kuwa imewekwa pale na mkono. Na ule mkono ungekuwa wake. Kisha palikuwa na yule mwanamke, ambaye sauti yake ingefunguliwa mbele ya watu bila kuulizwa na yeyote.

"Anaishi wapi?" aliuliza.

"Nani?"

"Mama Lugano."

Ambakisye alimtazama, akajua kwamba hatakubali. Alivua ufunguo shingoni, akauweka juu ya meza, akatoka.

5

Tusekile Mwandemele alimpokea uani Jumatano mchana, akiwa anaanika maharage juu ya mkeka. Alikuwa mwembamba, macho yamevimba, na hakumkaribisha ndani.

"Nilipata ujumbe jana mara mbili," alisema. "Nikajua kuna mtu anachimba."

"Pole na msiba, mama."

"Asante. Umeisikiliza?"

"Yote."

Tusekile aliendelea kutandaza maharage kwa kiganja. Subilaga alimweleza kuhusu kipimo, kuhusu mara nane, kuhusu kucha iliyogonga kioo. Alimweleza pia kwamba lile pengo ndilo lililowafanya watu waseme mumewe alilala. Mkono wa Tusekile ukasimama.

"Kwa hiyo alikuwa anaangalia," alisema.

"Muda wote."

"Mimi nilijua nimemfanya asiangalie. Wiki tatu najua hivyo." Alikaa chini kabisa, akakunja kitenge miguuni. "Unataka kuipeleka."

"Jumatatu wanarudisha watu kule. Nitaipeleka, mama. Nimekuja ili usiisikie kule kwanza."

"Wanangu watasikia."

"Watasikia."

"Lugano ana miaka kumi na miwili. Anaelewa kila neno." Akamtazama Subilaga kwa mara ya kwanza, na lile jicho halikuwa na urafiki. "Kampuni haijakutuma? Ukishanifungua mdomo, halafu waseme mke ndiye aliyemvuruga?"

"Watasema hivyo. Wakili atajaribu."

"Na wewe una faida gani?"

"Sina. Mimi ndiye niliyeitia muhuri."

Tusekile alimpima kwa muda, kisha akarudi kwenye maharage yake. Hakusema ndiyo wala hapana, na Subilaga aliondoka bila kujua kama ameaminiwa.

6

Ukumbi ulijaa. Ndugu wa mafundi wawili walikaa upande mmoja, familia ya Mwandemele upande mwingine, na katikati viti vitatu havikukaliwa na mtu. Mwenyekiti alikuwa jaji mstaafu, Rukia Mpangala, mwanamke mfupi mwenye miwani mizito.

"Fundi, thibitisha muhuri," alisema.

"Mheshimiwa, muhuri huu ni wangu na unalingana," alisema Subilaga. "Lakini si wa kweli. Taswira iliguswa kabla sijaitia muhuri, na mimi sikuangalia."

Ukumbi ukavuma. Alieleza yote kwa mpangilio, hesabu ya mbili, saa kumi na dakika ishirini, ufunguo wa nani. Ambakisye, aliyekuwa kwenye kiti cha nyuma, alisimama alipotajwa na kukaa tena. Subilaga akaomba ruhusa ya kuonyesha kilichofutwa.

Wakili Kihwele alikuwa tayari wima. "Mheshimiwa, fundi mwenyewe anakiri kuwa taswira si safi. Sasa anatutolea kipande kutoka kwenye taswira hiyo hiyo. Tutajuaje kwamba hakukitengeneza juzi? Jumanne aliifungua mara mbili. Nilimuuliza kama kuna tatizo, akanijibu muhuri unalingana."

Jaji alimgeukia Subilaga. "Ulimjibu hivyo?"

"Nilimjibu hivyo."

"Hoja ya wakili ina uzito," alisema jaji polepole. "Nitaruhusu ichezwe, lakini bila mtu wa kuithibitisha haitaingia kwenye kumbukumbu."

Taa zikapunguzwa. Kipimo kikajaa ukutani, mshale kwenye sita, na sauti iliyochoka ikauliza Asukile alikuwa wapi siku Lugano alipolazwa. Kwenye viti vya familia, msichana mwenye sare ya shule alinyanyua kichwa.

"Simamisha hapo," alisema wakili. "Mheshimiwa, hiyo sauti ni ya nani? Siku hizi sauti ya mtu yeyote hutengenezwa kwa nusu saa."

"Ni yangu."

Tusekile alikuwa amesimama. Alishika mgongo wa kiti kilichokuwa mbele yake.

"Ni sauti yangu. Niligombana na mume wangu kwa simu dakika kumi na moja, na mwisho nilimwambia asirudi. Mimi ndiye niliyemwomba yule mzee afute. Simu yangu ina saa ya mazungumzo, chukueni mlinganishe. Acheni iendelee."

Ikaendelea. Lugano alisikiliza hadi mwisho akiwa ameinamisha kichwa, na mama yake hakukaa mpaka kucha ilipogonga kioo na mshale ukaruka. Jaji aliamuru irudishwe nyuma hadi kwenye kibandiko cha ukaguzi. Akakisoma kimoyomoyo, akavua miwani, akamuuliza wakili kama anataka kusema neno. Wakili aliomba muda wa kuwasiliana na wateja wake.

Ijumaa wakaguzi walikwenda Iwelo na kugonga vipimo vya visima vitatu kwa kucha. Viwili vilikuwa vimekwama. Mitambo haikufunguliwa.

7

Ambakisye alishtakiwa, na Tusekile akapewa onyo. Ndugu wa fundi mmoja walikwenda kumsalimia nyumbani kwake, wa yule mwingine hawakwenda. Subilaga hakufukuzwa. Alinyang'anywa ufunguo wa kuandika na kupewa kazi ya kuzifungua upya taswira zake mia nne na kumi na mbili, moja baada ya nyingine, mbele ya yeyote mwenye kuhusika.

Wa kwanza kufika alikuwa bibi mmoja kutoka Chunya, Sikujua Mwampashi, mwenye fimbo na bahasha ya khaki. Mwanawe alikuwa gerezani mwaka wa sita kwa ajali ya mgodi, kwa taswira ya mwenzake aliyekufa. Alikaa kwenye kiti alichowekewa, akaisoma hati ya muhuri akiishika karibu kabisa na macho.

"Hili jina ni lako?"

"Ni langu, mama."

"Siku hiyo uliangalia kwanza, au uligonga tu?"

Subilaga alitamani sana kumpa jibu jingine. "Niligonga tu. Sikuwa na mazoea ya kuangalia."

Bibi akaitikia kwa kichwa, kama mtu aliyeambiwa alichokuwa anakijua. Subilaga akapachika kwa kusoma tu. Mashine ikatoa mlio, ikaamini. Akafungua ukurasa wa taarifa na kugeuza kioo ili mgeni wake aone vizuri. Imepachikwa kwa kuandikwa, mara 1.

"Moja," alisema Subilaga, na pumzi ikamtoka. "Haikuguswa, mama. Ni vile vile ilivyokuwa."

Bibi Sikujua aliitazama ile moja kwa muda mrefu.

"Na hiyo moja," aliuliza, "nani anaichunga isiguswe?"

Subilaga akakumbuka sauti ya mwalimu wake ikimwambia weka hesabu iwe moja. Akavuta kiti chake karibu na cha yule bibi, akamgawia visikizio, nao wakaanza kuitazama taswira tangu mwanzo, sekunde kwa sekunde.